Kuku wa Malinyi, Mkate wa Mbali

Malinyi, katika Bonde la Kilombero, inalima mpunga, mahindi na ufuta. Inavua perege na kambale, inafuga kuku, na siku hizi ina ng'ombe wengi ambao mababu wa bonde hili hawakuwazoea. Ngano haimo. Bonde la Kilombero liko chini, mita 250 hadi 300 hivi juu ya usawa wa bahari. Joto lake ni kali, na masika maji ya mto hufunika mashamba kwa majuma kadhaa. Ngano inataka ubaridi wa Njombe, wa Mbeya, wa Hanang au wa Siha. Kwa hiyo kila silesi ya mkate inayoliwa kati ya Lupiro na Kilosa kwa Mpepo, tangu ile ya kwanza kabisa hadi iliyonunuliwa dukani leo asubuhi, imetokana na unga uliosafirishwa kutoka mbali. Kuku aliyechomwa kwenye mkaa na kutiwa ndani ya mkate huo ndiye mwenyeji.

Ukiangalia kinavyouzwa, chakula hiki ni cha juzi tu. Ni cha vibanda vya chipsi, cha majiko ya mkaa kando ya stendi, cha abiria anayechungulia dirishani huku kondakta akigonga bodi ya basi. Lakini ndani yake yamekutana majiko mawili ya zamani. La kwanza ni la pwani: ndimu, tangawizi, kitunguu saumu, tui la nazi na mkaa. La pili lilikuja na Wazungu: mkate wa ngano uliokatwa ukatiwa kitu katikati. Katika Bonde la Kilombero majiko hayo yaliingia kwa njia mbili tofauti, kwa sababu tofauti, na yote mawili yakakuta moto wa wenyeji ukiwaka. Mara nyingi hadithi ya sandwichi huanzia kwenye mkate, kwa Waingereza na mabwana zao. Kwa bonde hili huo ni mwanzo mbovu. Hapa inafaa kuanza na kuku.

Kuku mwenyewe aliwahi kuwa mgeni. Asili yake ni kuku-mwitu wa misitu ya Kusini-Mashariki mwa Asia, na alifika Afrika Mashariki kwa majahazi ya Bahari ya Hindi. Wanaakiolojia wamechimbua mifupa yake Unguja Ukuu, bandari iliyokuwa na shughuli nyingi zaidi ya miaka elfu moja iliyopita. Kutoka ufukweni alipanda bara bila shida, maana hahitaji malisho wala mchungaji. Anajitafutia uani na jioni anarudi mwenyewe.

Bondeni alipata nafasi kubwa kwa sababu ya ndorobo. Kwa vizazi vingi mdudu huyo alizuia ng'ombe wasistawi katika sehemu kubwa ya nchi hii ya mito, ambako Mnyera, Ruhuji na vijito visivyohesabika huingia Kilombero. Nyama ya nyumbani ikawa ni kuku na mbuzi, na kitoweo cha kila siku kikawa samaki. A. T. Culwick, ofisa wa serikali ya Kiingereza aliyefanya kazi Ulanga, wilaya ya bonde hili, miaka ya 1930, alitoa kitabu na mkewe G. M. Culwick mwaka 1935 kuhusu Wabena wa bondeni, chenye sura iliyoandikwa na mtawala wao mwenyewe, Mtema Towegale Kiwanga. Mwaka 1939 wakachapisha, katika jarida la tiba la Afrika Mashariki, utafiti juu ya mambo yanayoamua watu wa Ulanga wapate chakula au wakose. Si ajabu mada hiyo iliwashughulisha. Katika nchi ambayo mto mmoja hulisha shamba mwaka huu na kulizamisha mwaka ujao, chakula ndiyo habari kuu.

Kuku hakuwa wa kuliwa hovyo. Alikuwa akiba ya nyumba: wa kuuzwa mtoto akiugua, wa kupelekwa ukweni, wa kuchinjwa mgeni akija. Katika jamii nyingi za Tanzania, hata zile za bondeni, firigisi ni ya baba mwenye nyumba au ya mgeni anayeheshimiwa, na kuwagawia wageni vipande vya kuku bila kukosea ni elimu ambayo binti hufundishwa mapema. Katika jamii nyingi vilevile wanawake walikatazwa mayai, na wengine hata kuku mwenyewe, ingawa wao ndio waliomfuga, waliomlisha na waliompika. Hilo lapasa kusemwa wazi katika historia yoyote ya chakula hiki. Siku kuku alipoanza kuuzwa vipande kando ya barabara, mwanamke mwenye shilingi zake alinunua paja akala bila kuomba ruhusa ya mtu. Mapinduzi hayo hayakutangazwa na chama wala serikali.

Njia ya kienyeji ya kumpika mkavu ilikuwa kubanika, ileile ya samaki. Kijiti kibichi hupasuliwa katikati hadi karibu na mwisho. Kuku aliyepasuliwa na kukunjuliwa hubanwa kati ya pande mbili za kijiti, kisha juu hufungwa kwa ugwe wa gome la mti. Kijiti kinachomekwa ardhini kikiinamia moto, si juu ya miali, bali ubavuni mwake, ambako joto linafika na moshi unapita. Viungo ni chumvi, basi. Kazi hiyo haina haraka. Mafuta yanadondoka taratibu, ngozi inakauka halafu inageuka rangi ya kahawia, na mtu anageuza kijiti kila anapoona upande mmoja umetosha. Wandamba, mabingwa wa mto na mitumbwi, walihifadhi samaki wao kwa moto na moshi wa namna hii kabla hapajawahi kuonekana nyavu za chuma za kuchomea nyama.

Jiko la pwani lilikuja kwa njia ya misafara. Karne ya 19 wafanyabiashara wa Kilwa walikuwa wakipanda bara kutafuta pembe za ndovu na, kwa aibu ya historia, watumwa. Bonde lilikuwa kwenye eneo lao. Wambunga, waliotokana na misukosuko ya kuja kwa Wangoni, walikuwa wamekwishajikita upande wa Ifakara, na msafiri Mskoti Joseph Thomson alipita nchi ya Mahenge mwaka 1879 akielekea Ziwa Nyasa. Kutoka pwani zilikuja nguo, shanga na baruti. Ulikuja pia mpunga, zao la Bahari ya Hindi ambalo bondeni lilikuta udongo na maji yanayolifaa kuliko karibu popote pengine nchini. Ulikolimwa mpunga, wali ulifuata, na wali wa pwani huja na kitoweo chake.

Miongoni mwa vitoweo hivyo, kuku wa kupaka ndiye anayehusika na simulizi hii. Mombasa, Lamu, Unguja na Dar es Salaam wanamjua: kuku anachomwa kwenye mkaa huku akipakwa tui zito lililopikwa na viungo, anarudishwa motoni, anapakwa tena. Ni chakula cha Waswahili ambacho Wahindi wa Afrika Mashariki walikichukua wakakifanya chao, hasa majumbani mwa Waismailia, wakiongeza bizari na wakati mwingine mayai ya kuchemsha katika mchuzi. Agosti 1972 Idi Amin alipowapa Waasia wa Uganda siku 90 kuondoka, kuku huyo alisafiri nao hadi Uingereza na Canada, na leo anapikwa Leicester na Toronto na watu ambao hawajawahi kuuona mnazi ukiwa na nazi zake. Hata huko bado huliwa na mkate.

Wahindi walifika bondeni wakiwa wenye maduka. Walikuwa Ifakara na Mahenge tangu enzi za wakoloni, wakinunua mpunga na pamba, wakiuza kaniki, chumvi, mafuta ya taa, na bizari katika karatasi iliyokunjwa kama pembe. Nazi ilikuwa na safari ndefu zaidi na bei yake ilionesha hivyo. Ndiyo maana nyumba nyingi za bondeni zinapokosa nazi hutia karanga zilizotwangwa, au ufuta, katika mboga na vitoweo. Mpishi wa Malinyi anayempaka kuku wake rojo la karanga badala ya tui hajakosea mapishi ya pwani. Ameyafanya ya kwao.

Njia ya pili ilipita kanisani.

Wamisionari Wabenediktini wa Mtakatifu Ottilien kutoka Ujerumani walifungua misheni ya Kwiro, jirani na Mahenge, mwaka 1902. Sheria ya Kanisa Katoliki inataka hostia itengenezwe kwa ngano tupu. Haikubali mtama, wala mahindi, wala mchele. Kwa maana hiyo, ili Misa isomwe katika nchi ya mpunga, ngano ililazimika kupandishwa hadi milima ya Mahenge, na katika miaka ile mizigo ya bara ilibebwa vichwani na mabegani. Huenda mkate wa kwanza wa ngano kuwa na wateja wa kudumu Ulanga ulikuwa mwembamba kama karatasi na ulitolewa altareni. Wanaoandika juu ya mkate huwa wanaikimbilia mikahawa na maofisa. Sababu ya kweli ya ngano kuwapo hapa mfululizo ilikuwa ibada.

Miaka mitatu baadaye nchi iliwaka moto. Tarehe 30 Agosti 1905 Wapogoro na Wambunga waliishambulia ngome ya Mahenge katika Vita vya Maji Maji, na Wajerumani walijibu kwa risasi na kwa kuchoma vyakula mashambani na maghalani. Njaa iliyofuata iliua watu wengi kuliko risasi. Hakuna mtu aliyekuwa na kuku wa kubanika miaka hiyo. Ndipo ikaja Vita Kuu ya Kwanza. Majeshi yalikula kila kilichopatikana, Wabelgiji wakaitwaa Mahenge Oktoba 1917, na wamisionari Wajerumani wakaondolewa.

Mwaka 1921 walikuja Wakapuchini kutoka Uswisi, pamoja na masista wa Baldegg. Hao walikaa. Walijenga shule na zahanati, na Ifakara ikapata Hospitali ya Mtakatifu Fransisko. Profesa Rudolf Geigy wa Basel alifika Ifakara mwaka 1949 kwa utafiti wa magonjwa ya nchi za joto, na mwaka 1957 taasisi yake ikafungua maabara ambayo ndiyo chimbuko la Taasisi ya Afya Ifakara inayojulikana leo duniani kwa utafiti wa malaria. Mji mdogo wa bondeni ukawa na jumuiya ya Wazungu wanaotaka mkate mezani kila asubuhi. Kwa Tanganyika nzima, jiko la misheni na jiko la ofisa ndiyo yaliyokuwa shule ya kuoka. Mpishi alijifunza kutega hamira, kukanda, na kuoka katika sufuria yenye makaa chini na makaa juu ya kifuniko, halafu akayapeleka maarifa hayo nyumbani kwake.

Lakini maarifa peke yake hayakuuleta mkate wa duka Malinyi. Mkate uliookwa ukisafirishwa siku mbili katika joto la bonde, ukifunikwa unaota ukungu na ukiachwa wazi unakauka. Unga unavumilia, mkate hauvumilii. Kwa sababu hiyo bonde lilipenda ngano katika sura ya andazi na chapati, vitu vinavyotengenezwa siku ileile vikaliwa moto, na likaendelea kukaanga vitumbua kwa mchele wake lenyewe. Hivi ndivyo hali ilivyokuwa katika sehemu kubwa ya bara hadi reli ilipokuja.

Reli ya TAZARA ilijengwa na Tanzania, Zambia na China kati ya 1970 na 1975, ikakabidhiwa rasmi mwaka 1976: kilomita 1,860 kutoka Dar es Salaam hadi Kapiri Mposhi. Ikapita ukingo wa kaskazini wa bonde, Kidatu, Mang'ula, Ifakara, Mlimba. Mwanahistoria Jamie Monson, aliyeandika kitabu kuihusu, ameonesha jinsi wakulima na wachuuzi wadogo walivyoigeuza reli iliyokusudiwa kubeba shaba ya Zambia ikawa barabara yao ya kupelekea ndizi na mpunga sokoni. Treni iliyosimama kila kituo waliiita Kipisi. Kuku wa matenga walipanda treni kwenda Dar es Salaam. Na kila iliposimama, madirisha yaligeuka soko: ndizi, mihogo, samaki wa kukaanga, wali, kuku.

Hapo ndipo penye siri ya chakula hiki. Abiria hana meza, hana maji ya kunawa, na treni haimsubiri. Anataka kitu cha kushika mkono mmoja. Wali hauwezi hilo, ugali hauwezi, ndizi ya kuchoma inaweza kidogo. Mkate unaweza, maana ni sahani inayoliwa. Ndoa ya kuku na mkate haikubuniwa na mpishi wa hoteli kubwa aliyetaka kuchanganya tamaduni mbili. Ilitokana na haraka ya msafiri na akili ya mchuuzi anayejua kwamba mteja akipewa sahani, sahani itaondoka na treni.

Dunia ina mifano mingi ya jambo hilohilo. Durban, Afrika Kusini, wafanyakazi wa Kihindi na Kiafrika walibebewa mchuzi ndani ya nusu mkate uliochimbwa tumbo, chakula kilichoenea tangu miaka ya 1940 na bado kinauzwa kwa jina la bunny chow. Kampala, vijana wa Wandegeya karibu na Chuo Kikuu cha Makerere walikuza rolex, mayai yaliyokunjwa ndani ya chapati. Mombasa ina mkate wa mayai, unga mwembamba uliofungiwa nyama ya kusaga na yai, mtamu kupita kiasi usiku wa Ramadhani. Kote huko utaona mkate au unga wa watu wengine umejazwa kitoweo cha nyumbani, na wateja wa kwanza ni watu wenye kazi na wenye haraka.

Tanzania nayo ilikuwa na miaka yake migumu ya mkate. Baada ya Azimio la Arusha la 1967 vinu vya nafaka vilitaifishwa, na Shirika la Usagaji la Taifa likashika mchele, sembe na unga wa ngano kwa pamoja. Dar es Salaam kikajengwa kiwanda kikubwa cha mkate cha mitambo kwa msaada wa Canada, ambacho mwanauchumi Andrew Coulson alikikosoa vikali akionesha kwamba tanuri ndogo za kienyeji zingetoa mkate na ajira kwa gharama nafuu. Kisha ikaja Vita vya Kagera, fedha za kigeni zikakauka, na mwanzoni mwa miaka ya 1980 Watanzania walipanga foleni za mkate, sukari na sabuni. Watu wa umri fulani wanakumbuka ugali wa mahindi ya njano ulioitwa yanga. Katika hali hiyo nani angetia kuku ndani ya mkate? Mkate wenyewe ulikuwa karamu.

Biashara ilipolegezwa kuanzia katikati ya muongo huo, na Rais Ali Hassan Mwinyi akapewa jina la Mzee Ruksa, unga wa ngano ulirudi madukani, mwingi wake ukiwa wa kuagizwa. Mama lishe, waliokuwa wameshika majiko ya mjini wakati mishahara ilipoporomoka, wakaongezeka. Vikatokea vibanda vya chipsi vyenye kabati la vioo na taa ndani. Kuku aliyekuwa wa mgeni akawa wa mtu yeyote mwenye elfu chache mfukoni, akauzwa robo, nusu, au paja peke yake.

Namna ya kutengeneza mkate wa kuku uliochanganya majiko haya mawili inafaa ielezwe vizuri, kwa kuwa wengi huharibu kazi katika hatua ya kwanza. Kuku wa kienyeji ana nyama ngumu, na anayemweka mkaani akiwa mbichi atapata ngozi iliyoungua na paja lisilong'oka. Kwanza apasuliwe mgongoni, akunjuliwe bapa, achemshwe kwa maji kidogo, chumvi na tangawizi mpaka mfupa wa paja uanze kulegea. Supu isimwagwe. Halafu apakwe kitunguu saumu kilichotwangwa, tangawizi, ndimu na pilipili mbuzi, aachwe kama saa moja. Kuku wa kisasa, yule wa wiki tano au sita, hahitaji kuchemshwa, lakini anahitaji viungo zaidi, kwa sababu mwenyewe hana mengi ya kusema.

Tui zito hupikwa pembeni na bizari ya manjano, kitunguu saumu, pilipili na chumvi, likikorogwa upande mmoja ili lisikatike, mpaka lishike mgongo wa mwiko. Ndimu hutiwa mwishoni, sufuria ikiwa imeshaepuliwa. Mkaa usubiriwe uwe mweupe juu. Kuku anawekwa kwenye wavu upande wa mifupa ukitazama chini, anapakwa, anageuzwa, anapakwa tena. Tui likidondokea mkaani hutoa moshi mzito wenye harufu ya nazi iliyoungua, na moshi huo ndio kiungo ambacho hakiuzwi dukani. Mpishi mzuri haukimbii. Anapunga kipepeo kidogo tu ili usigeuke miali.

Mkate upasuliwe kwa urefu usiachane, ufunguliwe, uwekwe wavuni kidogo ndani ukielekea moto hadi uchukue rangi. Kisha upakwe tui lililobaki badala ya siagi. Kuku achambuliwe kwa mkono kufuata nyuzi za nyama, sio kukatwa kwa kisu, maana nyuzi hushika mchuzi. Juu yake kachumbari ya kitunguu kilichooshwa kwa chumvi, nyanya, tango na ndimu. Anayependa aongeze rojo la ukwaju. Ubanwe kwa kiganja, uliwe papo hapo. Ukiuacha nusu saa mkate utalowa na lawama utazipata wewe.

Jambo moja limewahi kuitikisa biashara hii kuliko bei ya mkaa, nalo ni ugonjwa wa kuku uitwao kideri. Virusi vyake vikiingia kijijini vinaweza kumaliza karibu kundi zima kwa siku chache: kuku anazubaa, anaharisha kijani, shingo inapinda, kesho uani kuna manyoya tu. Ndiyo sababu mfugaji wa zamani hakuwahi kumwahidi mchuuzi kuku kumi kila wiki. Chanjo inayostahimili joto, iliyozalishwa Temeke na inayotolewa kwa tone moja la jicho kila baada ya miezi mitatu hivi, imebadili hesabu hiyo kwa wafugaji wanaoitumia. Bila tone hilo hakuna kibanda cha kuku wa kienyeji kinachoweza kufunguliwa kila jioni.

Barabara nayo imebadilika. Kwa miaka mingi aliyetoka Ifakara kwenda Lupiro, Mahenge au Malinyi alivuka Mto Kilombero kwa kivuko, na Januari 2016 kivuko hicho kilizama. Mei 2018 lilizinduliwa daraja la mita 384 lenye jina la Rais Magufuli. Wakati huo Malinyi ilikuwa imekwishamegwa kutoka Wilaya ya Ulanga na kuwa wilaya, ikapata ofisi, watumishi wapya kutoka kila mkoa, na stendi yenye shughuli. Mkate uliookwa alfajiri Ifakara sasa unaweza kufika mchana, mvua ikiruhusu. Katika soko lilelile wako Wandamba wenye samaki, Wapogoro wenye mpunga, Wangindo wenye ufuta, na Wasukuma waliohamia na mifugo yao miongo ya karibuni wakileta maziwa, ng'ombe na mishikaki. Meza ya Malinyi haijawahi kuwa pana namna hii.

Hata hivyo pana jambo ambalo halijakaa sawa. Nchi inayolisha Dar es Salaam kwa mchele wake inanunua ngano ya nje ili ifungie kuku wake. Na pwani walikwisha kutengeneza mkate usiohitaji ngano hata punje: mkate wa kumimina. Mchele unalowekwa usiku, unasagwa na tui zito, unatiwa sukari, hamira na hiliki, unaachwa uumuke, unaokwa katika sufuria iliyopakwa mafuta yenye makaa chini na juu, kwa namna ileile waliyotumia wapishi wa misheni. Sukari ikipunguzwa na ukaokwa mwembamba kiasi cha kukunjika, unamfunga kuku aliyechambuliwa bila kuvunjika, na utamu wa mchele unakubaliana na moshi wa mkaa kuliko mkate mweupe wa kiwandani.

Mchele upo, sufuria zipo, kuku yupo, na nazi sasa inavuka daraja kila siku. Kila Agosti halmashauri za Kanda ya Mashariki hukusanyika Morogoro kwa maonesho ya Nane Nane, na kila moja huonesha kile inachozalisha. Wanawake wa Malinyi wapewe jiko la mkaa na meza mbele ya banda lao, wauze kuku wa kuchoma ndani ya mkate wa mchele wa Kilombero, na wageni waonjeshwe kabla ya kupewa vipeperushi.